Aliyeitika kwa Jina la Ekai

Asubuhi hiyo Lokol alikuwa amekaa kwenye kizingiti cha chumba chake pale Bulla Pesa, mjini Isiolo, anakunywa chai ya rangi na kungoja shati lake likauke juani. Ulikuwa mwaka wa themanini na nne, mwaka wa njaa na unga wa manjano wa msaada, wakati hata watu waliozoea kuhesabiwa matajiri wa ng'ombe walikuwa wakipanga foleni na debe mkononi. Yeye hakuwa na la kulalamikia sana. Alikuwa kuli kwenye kiwanja cha ndege, kijana mwenye mgongo imara, hana mke, hana mtoto, na kila jioni alikuwa na hakika ya kula.

Chumba cha jirani kilikuwa cha Batula, mama wa Kiborana aliyeuza maziwa ya ngamia. Batula ni shangazi yangu. Habari hizi nilizipata kwake, naye alizipata kwa Lokol mwenyewe, isipokuwa sehemu chache alizozishuhudia mwenyewe.

Kabla chai haijaisha, Lokol alimwona shemeji yake Ekai akiingia langoni. Alikuwa ametoka Burat, nje ya mji, kwa miguu, na viatu vyake vilikuwa vyeupe kwa vumbi. Ekai ndiye mume wa Nakal, dada wa pekee wa Lokol. Mama yao alifariki njiani walipokuwa wakihama Turkana, na Nakal, msichana mdogo bado, akamfunga ndugu yake mgongoni kwa kipande cha shuka na kuendelea na safari hadi Isiolo. Kwa hivyo Lokol hakuwa na mama mwingine ila Nakal. Na mtu wa Nakal, kwake, alikuwa mtu wake.

Ekai pia alikuwa kuli, lakini mwenye cheo kuwazidi wengine. Ndiye aliyepanda ndege ya mizigo pamoja na marubani, akashusha chakula cha njaa kule kaskazini, akarudi nayo jioni.

"Leo panda mahali pangu," Ekai alisema. Hakukaa. "Mwanangu Lochoro ana homa. Dada yako hajalala."

"Msimamizi atakubali?"

"Hapendi watu wabadilishane. Ndiyo maana leo wewe ni Ekai. Kapteni hatujui kwa sura, kwake sisi wote ni makuli tu. Ukiitwa Ekai, itika."

Lokol alicheka. Shemeji yake hakucheka.

"Sema utaitika."

"Kwani ni kazi? Nitaitika."

Ekai akamshika mkono, akauminya. Kiganja chake kilikuwa baridi kama cha mtu aliyetoka kuosha maiti.

Safari ya kwenda ilikuwa njema. Lokol hakuwa amewahi kupanda ndege, na alitazama nchi ikipita chini kama ngozi ya mnyama aliyekonda, mbavu zote nje. Walishusha magunia ya mahindi kwenye kiwanja cha changarawe, watu wakiwatazama bila kusema neno. Wakapakia marobota ya ngozi za mbuzi za mfanyabiashara mmoja wa mjini. Ngozi nyingine zilikuwa bado mbichi. Alasiri wakaanza kurudi, Kapteni na msaidizi wake mbele, Lokol peke yake nyuma, amekaa juu ya ngozi, ameziba pua kwa kola ya shati.

Ngurumo za injini zilikuwa kubwa kiasi kwamba asingesikia hata mtu akimpigia kelele usoni. Alijua wamekaribia kwa sababu masikio yaliziba na ndege ikainamisha pua.

Hapo ndipo alipoitwa.

"Ekai."

Sauti haikuwa kubwa. Ilikuwa ya chini, ya upole, karibu na sikio, kama injini zote mbili zimezimwa. Lokol akakumbuka ahadi yake ya asubuhi.

"Naam," akaitika.

Akainuka, akajishikilia kwenye kamba za mizigo, akaenda hadi mlango wa chumba cha rubani.

"Umeniita, Kapteni?"

Kapteni alipinda shingo, uso umejaa jasho. "Sijaita mtu. Rudi ukae, tunatua."

Msaidizi wake aligeuka pia. Alimtazama Lokol, kisha akatazama nyuma ya Lokol, kule kwenye giza la ngozi.

"Hata mimi nimesikia," msaidizi akasema. "Nani mwingine yuko huko?"

Magurudumu yaligusa ardhi. Yakagusa vizuri, Lokol alisema hivyo hadi mwisho wa maisha yake, yaligusa vizuri kabisa. Kisha upande mmoja ukazama kama mtu aliyevutwa mguu. Bawa likachimba udongo. Marobota yakakatika kamba, yakaja mbele yote pamoja. Akasikia mti ukivunjika, na mwingine, na mwingine.

Halafu kimya.

Alipozinduka alikuwa nje, amekaa wima chini ya mgunga, mguu wake umepinda mahali ambapo mguu haupindi. Hakujua ametokaje. Vumbi lilikuwa likishuka polepole. Ndege ilikuwa imelala kiubavu, pua yake imefinyangwa ndani ya miti. Akasikia sauti ikitoka humo ndani. Safari hii ilikuwa sauti ya Kapteni.

"Ekai."

Lokol alitaka kuitika. Alitaka kusema, niko hapa, naja. Lakini mdomo wake ulikuwa umejaa udongo na damu, na ulimi haukugeuka.

"Ekai. Ekai."

Wanajeshi kutoka kambi ya karibu ndio waliofika kwanza. Mmoja alipomfunga mguu, Lokol alitema udongo na kumwambia wafanye haraka, Kapteni yu hai, anaita. Mwanajeshi huyo hakumtazama.

"Kapteni hana kichwa, ndugu," alisema taratibu. "Tangu tufike. Tulia."

Alilazwa hospitalini muda mrefu, mguu umening'inizwa. Nakal alimletea uji kila siku, akamlisha kwa kijiko kama zamani. Alilia sana. Lokol aliona kwamba hakumtazama machoni, akadhani ni huruma. Ekai naye alikuja, mchangamfu kuliko kawaida yake, akisimama mlangoni mwa wodi na kuita kwa sauti ya kusikika hadi kitanda cha mwisho, "Ekai wangu, umeamkaje?"

Wauguzi wakacheka, wakafuata. Wagonjwa wakafuata. Lokol aliporudi Bulla Pesa kwa magongo, jina lilikuwa limemtangulia. Ekai wa ndege. Wauza mboga walimwita hivyo, na watoto, na hata watu waliomjua tangu akiwa mdogo. Shemeji yake alikuwa amepita kila kibanda akiwasimulia kisa hicho na kuwachekesha. Mwanzoni Lokol alipenda. Alikuwa mtu aliyetoka mautini, na jina lilikuwa kama medali.

Kitu kimoja tu kilimshangaza. Ekai mwenyewe hakuwa Ekai tena. Alikuwa amebatizwa mwezi uleule wa ajali, yeye ambaye hakuwahi kukanyaga kanisani, na sasa alikuwa Stefano. Nakal alimwita Baba Lochoro. Kwao Burat jina la zamani lilikuwa limefutika kama maandishi kwenye ubao.

Kisha jioni zikaanza kubadilika.

Ilikuwa ni wakati uleule ambao ndege ilizoea kutua, jua likiwa limeinama lakini mwanga bado upo. Lokol angesikia ngurumo juu ya mabati. Angetoka nje na kutazama. Mbingu tupu. Wapangaji wengine waliendelea kuchambua mchele na kufua, hakuna aliyeinua kichwa. Ila kuku wa Batula walikuwa wamejibana ukutani, shingo zimerefushwa juu.

Ngurumo ingezunguka mji, ishuke, izimike. Baada ya hapo, hatua langoni.

"Ekai."

Hakuitika. Hakujua ni kwa nini, ila nywele za shingo zilimkataza. Alikaa kitandani, mkono mdomoni, hadi giza lilipoingia na kitu hicho kikaondoka.

Siku moja alikuwa amechelewa dukani. Aliporudi, Batula alikuwa amesimama uani na kibuyu cha maziwa, hakitui wala hakiinui.

"Kuna mtu alikuja kukutafuta," Batula alisema.

"Mtu gani?"

"Sijui. Nilimwambia salaam aleikum, hakuitikia. Nikamwambia habari, nikifikiria pengine ni mtu wa kanisa. Kimya. Akauliza tu, Ekai anakaa wapi."

"Na wewe?"

"Nikamwonyesha mlango wako. Si watu wote wanakuita Ekai?"

"Alikuwaje uso, mama?"

Batula alifikiri. "Alisimama palepale jua linapoingilia, sikuona vizuri. Nilitazama mahali pa uso nikaona jua tu." Akakitua kibuyu. "Ananuka ngozi mbichi, Lokol. Na alipoondoka hakugeuka. Alirudi kinyumenyume."

Mlango wa Lokol ulikuwa umefungwa kwa kufuli, kama alivyouacha. Lakini ndani, godoro lilikuwa limebonyea, kama mtu alikaa hapo kumngoja.

Kesho yake, Lokol akaenda Burat. Hakuwa na mahali pengine pa kwenda. Mtu akiogopa hukimbilia kwa mama, na mama yake alikuwa Nakal.

Alimkuta shambani kando ya nyumba, akimwagilia mboga za sukuma wiki. Ekai alikuwa ametoka. Nakal alimkaribisha, akamwekea kigoda kwenye kivuli cha ukuta. Kabla Lokol hajaanza kusema lililomleta, mzee mmoja jirani, Lochoro mkubwa, yule ambaye mtoto alipewa jina lake, alipita nje ya ua na fimbo yake.

"Hodi hapo," mzee aliita. "Ekai yuko? Mwambie Ekai nina..."

Nakal alidondosha mkebe wa maji. Akakimbia hadi kwenye ua, akamziba mzee mdomo kwa kiganja chake chenye matope. Mwanamke kumziba mdomo mzee wa watu!

"Usimwite hivyo," alisema kwa kunong'ona. "Nimekuomba mara ngapi, baba? Usimwite hivyo kwa nyumba yangu."

Mzee akaenda zake akifuta ndevu. Nakal alirudi polepole. Alipomwona Lokol amesimama, alijua kwamba ameelewa kitu, ila hajui bado ni nini.

"Mimi wananiita Ekai mji mzima," Lokol alisema. "Hujawahi kumziba mtu mdomo."

Nakal akakaa chini, palepale kwenye tope la sukuma.

"Kilikuwa kinamwita yeye," alisema. Aliongea na mikono yake, si na Lokol. "Kabla ya ile ndege. Kila jioni, akifunga stoo kule kiwanjani, kitu kinamwita jina. Alikonda. Alikuwa analala na nguo kwenye masikio. Akaenda kwa mtu mmoja huko mlimani anayejua mambo ya giza. Yule mtu akamwambia, kitu hiki hakina macho. Hakijui sura, kinajua jina. Mtafute mtu achukue jina lako kwa hiari yake, na aitike. Kikimpata huyo, kimemaliza na wewe."

"Na wewe ulijua."

"Nilijua."

"Kabla sijapanda."

Maji ya mkebe yalikuwa yakitiririka hadi kwenye vidole vyake vya miguu.

"Alikuwa anamfikiria kijana mwingine wa kiwanjani," alisema mwishowe. "Lakini ilitakiwa mtu ambaye hatauliza maswali. Mimi ndiye nilisema, Lokol hatauliza."

Lokol alisema baadaye kwamba hakuhisi hasira. Alihisi kama siku ile mama yao alipofariki, siku ambayo hata hawezi kuikumbuka. Kama shuka lililokuwa limemfunga mgongoni kwa mtu limefunguliwa, na huyo mtu anaendelea kutembea.

"Lochoro alikuwa na homa kweli?"

Nakal alitikisa kichwa kukataa.

"Nina watoto watatu," alisema. "Wewe ulikuwa peke yako."

Ekai alirudi jua likiinama. Aliwakuta wamekaa hivyohivyo, akasimama mlangoni, na hakuna aliyehitaji kumwambia. Aliwaambia watoto waende kwa jirani. Akafunga mlango. Akaketi mbali na Lokol, karibu na mkewe.

"Ulipona," alinong'ona. "Sisi hatukutarajia utapona. Ungeenda mara moja, bila kujua."

"Kwa hivyo kosa ni langu."

"Ulipona, na jina bado liko juu yako. Huwezi kulirudisha. Usijaribu kulirudisha."

Lokol alitaka kumjibu. Lakini mabati yalianza kutetemeka.

Safari hii wote watatu walisikia. Ngurumo ilikuja kutoka kaskazini, ikapita chini sana juu ya nyumba. Ikageuka upande wa mji. Ikashuka. Ikazimika.

Ekai akaweka vidole masikioni.

Nje, ua wa miiba ulilia kama kitu kizito kimeuegemea.

"Ekai."

Ilikuwa ile sauti ya upole. Hakuna aliyesogea. Jua lilipenya chini ya mlango kama mstari mwekundu, na katikati ya mstari huo palikuwa na mahali peusi, mahali pa miguu miwili.

Nakal alimgeukia ndugu yake. Kwa mara ya kwanza tangu ajali alimtazama machoni. Akamshika uso kwa mikono yote miwili, kama alivyozoea kumshika akiwa mtoto akimwosha.

"Itika," alinong'ona. "Ndugu yangu, itika. Kiishe."

Lokol aliitoa mikono ya dada yake usoni, mmoja, halafu mwingine. Akachukua gongo lake. Akainuka.

"Mimi ni Lokol," alisema kwa sauti ya kawaida, akiutazama mlango. "Mama yangu alikuwa Nangiro. Alinipa jina Lokol. Sina lingine."

Akafungua mlango.

Hakukuwa na mtu. Kulikuwa na joto usoni, kama la injini iliyozimwa sasa hivi, na harufu ya petroli na ngozi. Alipita katikati ya joto hilo. Lilimgusa kwenye mashavu, kwenye shingo, likipapasa kama mkono wa kipofu. Kisha likamwacha. Akatembea. Gongo, mguu. Gongo, mguu. Hakuufunga mlango nyuma yake.

Alikuwa amefika kwenye sukuma aliposikia mwito wa mwisho.

"Ekai."

Haikuwa ile sauti ya upole. Haikuwa ya Kapteni.

Ilikuwa ya Nakal.

Na mara hiyohiyo, ndani ya nyumba, akasikia shemeji yake akijibu, bila woga, kama mtu aliyeitwa chakula kikiwa tayari.

"Naam, Mama Lochoro."

Lokol hakugeuka. Aliendelea hadi barabarani, na hadi mjini.

Asubuhi wanaume wa Burat walifuata nyayo za Ekai. Alikuwa ametembea bila viatu, hatua zake zimenyooka, hakusita hata kwenye miiba. Zilivuka barabara kuu, zikaingia kiwanja cha ndege. Tangu ajali hakuna ndege kubwa iliyokuwa imetua hapo. Lakini kwenye vumbi kulikuwa na alama mpya za magurudumu mazito. Zilianza pale ndege huanzia kugusa chini, zikaja moja kwa moja, zikakoma katikati ya uwanja. Hazikugeuka. Hazikuendelea. Nyayo za Ekai zilifika kando yake, na zile za mwisho zilikuwa za vidole tu, bila kisigino, kama za mtu anayepanda ngazi.

Hawakupata kingine. Hata shati.

Nakal alikuja Bulla Pesa baada ya matanga. Batula alikuwa uani, na alisikia kila neno. Nakal alisimama mlangoni mwa ndugu yake, hakukaribishwa, hakuomba kukaribishwa.

"Sikumwita," alisema.

"Nilisikia sauti yako."

"Sikufungua mdomo, Lokol. Nakuapia kwa watoto. Nilikuwa nimeuma shuka. Si mimi."

Lokol alimtazama muda mrefu. Aliujua uso huo kuliko anavyoujua wake. Aliujua ukiwa na njaa, na homa, na ukidanganya wenye maduka ili yeye apate maziwa. Akautafuta ukweli humo, na hakuweza kusema kama upo. Pengine alimwita mumewe kwa sababu ndugu yake alikataa kuitika, na lazima mtu mmoja aende. Pengine kitu kile kilichukua sauti yake kama kilivyochukua ya Kapteni. Angeweza kuamini lolote kati ya hayo mawili, na hilo ndilo lililomuumiza.

"Sawa," akasema, na akarudisha mlango taratibu hadi ukafungika.

Hawakuzungumza tena. Nakal aliwachukua watoto akarudi upande wa Turkana. Lokol alibaki, akawa bawabu wa duka, na mtu akimwita Ekai alipita kama kiziwi hadi watu wakaacha.

Mvua zilirudi mwaka uliofuata. Nyasi ziliota hadi kiwanjani, nyasi za magoti, na Batula alianza kupeleka mbuzi wake huko. Ndiye aliyeniambia. Zile alama za magurudumu hazikufutwa na maji. Zipo, mistari mitupu katikati ya kijani, na hakuna kilichoota ndani yake. Mbuzi wanakula hadi pembeni, wanasimama. Hawavuki. Na jioni, jua likiinama, wanaacha kutafuna na kuinua vichwa, wote kwa pamoja, wakitazama upande wa kaskazini, kama wameitwa.